Maswali yanayoulizwa mara kwa mara: duara la kusoma vitabu vya nyumba, Bunge na kazi, Mtwara

Haya ni maswali tunayoulizwa na watu wanaotaka kujiunga na duara letu la kusoma hapa Mtwara mjini, na mengine yanatoka kwa wanaotaka tu kujua tunafanya nini jioni na makaratasi yote yale. Majibu yameandikwa na mtunza vitabu wa duara. Ana maoni yake, na wenzake wameyaacha yabaki.

Mnasoma vitabu gani hasa?

Vitabu vinavyoeleza namna mambo yanavyoendeshwa nyumbani, bungeni na kazini. Nani anaamua, fedha inapita wapi, mzigo unamwangukia nani, na ilikuwaje ikawa hivyo. Humo kuna historia, kuna kazi za watafiti, kuna kumbukumbu za viongozi, na kuna maandishi ambayo wengi hawayahesabu kuwa vitabu: Katiba, sheria, Taarifa Rasmi za Bunge, hukumu za mahakama. Vitabu vya kufundisha utajiri wa haraka hatusomi. Vimejaa mjini, atakayevitaka hatavikosa.

Nyumba, Bunge na kazi vinahusiana nini? Si mngechagua kimoja mkakimaliza?

Mtu wa Mtwara au Lindi hapaswi kulihangaikia sana swali hili, maana korosho imeshamjibu. Hadi mwaka 2018, sheria ya tasnia ya korosho ilitaka asilimia 65 ya ushuru wa korosho ghafi zinazouzwa nje iende kwenye mfuko wa kuendeleza zao, na asilimia 35 iende serikalini. Juni 2018, kupitia muswada wa sheria ya fedha, mgawo huo ukafutwa na fedha yote ikaelekezwa Mfuko Mkuu wa Serikali. Wabunge wa kusini walipinga ukumbini, tena kwa sauti kubwa. Hoja ikapita.

Msimu ulipofunguliwa mwaka huohuo, minada ikakwama kwa sababu ya bei. Novemba, Rais Magufuli akatangaza kwamba Serikali itazinunua korosho zote kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na jeshi likapewa kazi ya kuzisomba. Ukaja uhakiki wa mashamba, wakasakwa watu wa kangomba, yaani walanguzi wanaonunua korosho za wakulima kwa bei ya chini nje ya mnada, na wakulima wengi wakasubiri fedha zao muda mrefu. Nyumba ngapi ziliezuliwa makuti zikingoja bati, na bati halikuja? Watoto wangapi walisubiri sare?

Hatusemi kwamba jambo la kwanza ndilo lililozaa la pili. Ni mambo mawili, na yana sababu zake. Tunachosema ni kwamba mtu anayesoma habari za kilimo peke yake hatauona mkono wa Bunge, na anayefuatilia Bunge peke yake hatajua ile fedha ilikuwa imeshapangiwa nini nyumbani kabla haijafika. Ndiyo maana tunavisoma kwa zamu: kimoja cha nyumba, kimoja cha Bunge, kimoja cha kazi, kisha tunarudi mwanzo.

Niliishia darasa la saba. Nitaweza?

Utaweza, na pengine utatuzidi. Mkulima aliyezoea kukaa kwenye mkutano wa AMCOS, chama cha msingi cha ushirika cha wakulima, akisikiliza makato yakisomwa moja baada ya jingine, ushuru wa halmashauri, gharama za ghala, usafirishaji, magunia, haoni ajabu kwenye jedwali la bajeti. Wanaopata shida zaidi ni wasomi wanaotaka kila kitu kiwe na maelezo ya mwalimu pembeni.

Nianze na kitabu kipi?

Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977. Iko kwa Kiswahili, haiuzwi ghali, na nakala yake inapatikana mtandaoni bure. Lakini usiianze ukurasa wa kwanza ukaifuata kama msahafu, utachoka kabla hujafika Bunge. Fungua Ibara ya 62. Ukiuliza watu kumi Bunge ni nini, watakuambia ni wabunge. Ibara hiyo inasema Bunge lina sehemu mbili: Rais na wabunge. Kaa nayo hapo kidogo. Kisha nenda Ibara ya 63, inayoeleza kazi za wabunge, ikiwamo kumuuliza waziri swali lolote kuhusu mambo ya umma yaliyo chini ya wizara yake. Nenda ya 97, uone muswada unavyogeuka sheria pale Rais anapouridhia. Halafu ya 138, inayokataza kodi yoyote kutozwa bila sheria iliyotungwa na Bunge, au bila utaratibu uliowekwa kisheria. Hiyo ya mwisho isome siku uliyolipa ushuru gulioni, itakuingia vizuri zaidi.

Kwa upande wa kazi, Ibara ya 22 na ya 23 zinazungumzia haki ya kufanya kazi na haki ya kupata ujira unaostahili. Ni fupi. Ufupi wake wenyewe ni somo, kwa sababu mambo yote mazito yamesukumwa kwenye sheria za kawaida.

Nyumba nayo? Kwenye Katiba imetajwa kwa kupita, faragha ya mtu na familia yake, basi. Ukiitaka nyumba nenda kwenye Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971.

Hansard ni nini, na inasomwaje bila kusinzia?

Ni Taarifa Rasmi ya majadiliano ya Bunge, neno kwa neno, siku kwa siku, na Bunge lenyewe huiweka kwenye tovuti yake. Kwa maoni yangu ndicho kitabu kikubwa kuliko vyote cha Kiswahili kuhusu namna nchi hii inavyoendeshwa, na kinaendelea kuandikwa.

Chukua siku moja, usichukue mkutano mzima. Utakuta inaanza na dua, zinafuata hati zinazowasilishwa mezani, halafu maswali na majibu, halafu ndipo hoja kubwa ya siku hiyo. Wengi huruka maswali wakimbilie mjadala. Sisi tunafanya kinyume. Swali la msingi limeshaandikwa na kupelekwa mapema, na jibu lake limepikwa wizarani. Ila baada ya jibu, mbunge ana nafasi ya maswali mawili ya nyongeza, na hapo ndipo jasho linapomtoka waziri. Angalia vitenzi vyake. "Serikali itaendelea", "kadiri fedha zitakapopatikana", "upembuzi yakinifu unakamilishwa": kila kimoja kina uzito wake, na ukishasoma siku kadhaa utakuwa unajua kipi kina fedha nyuma yake na kipi hakina.

Zoezi tunalompa kila mgeni ni hili. Chagua jambo moja la kwetu ulifuatilie miaka kadhaa ndani ya Hansard. Barabara ya Mtwara–Newala–Masasi inafaa sana. Ni kilomita 210, na kipande chake cha kwanza, Mtwara hadi Mnivata, ni kilomita 50. Andika kwenye daftari kila jibu lililotolewa kuhusu barabara hiyo, tarehe yake na jina la wizara. Usiandike maoni yako. Ukimaliza, soma daftari kwa sauti kuanzia juu hadi chini. Watu hucheka mwanzoni, halafu wananyamaza, halafu mmoja anauliza: hivi huyu waziri wa pili alikuwa amelisoma jibu la wa kwanza?

Usidharau pia yale maandishi ya mlalo ndani ya mabano. "Makofi." "Kicheko." "Hapa kengele ililia kuashiria kwisha kwa muda wa Mzungumzaji." Kengele inakufundisha kuwa dakika ni mali ya kugawiwa, na mbunge aliyetumia nusu ya dakika zake kushukuru na kupongeza amejinyima mwenyewe. Waliozoea hotuba ndefu za kwenye shughuli za harusi wanalielewa hili mara moja.

Bungeni wanaongea tu. Kuna faida gani kuwasoma?

Mwezi Mei 2013, siku ya hotuba ya bajeti ya Nishati na Madini, Mtwara nzima ilikuwa imetega sikio kusikia habari ya bomba la gesi kwenda Dar es Salaam. Kilichotokea mjini siku hiyo na zilizofuata, ghasia za kupinga bomba hilo, wenyeji wanakijua, na kuna waliopoteza maisha na nyumba. Sitakirudia hapa. Ila hotuba ile ipo, iliyochapwa, na michango ya wabunge ipo. Vijana ambao wakati ule walikuwa wadogo wanaijua gesi kwa hadithi za baraza. Wakiisoma hotuba yenyewe wanakuja na maswali mazuri kuliko yetu tuliokuwepo, kwa sababu sisi tunasoma na hasira na wao wanasoma na kalamu.

Kuna vitabu vinavyolieleza Bunge kwa undani, mbali na Hansard?

Vichache, na vingi ni vya Kiingereza. Kipo "Bunge Lenye Meno" cha mwaka 2008, cha Samuel Sitta akiwa Spika pamoja na Willibrod Slaa na John Cheyo waliokuwa wabunge wa upinzani. Jina ni la Kiswahili, maandishi ni ya Kiingereza. Uzuri wake ni kwamba watu wa pande mbili za ukumbi wanazungumzia chombo kimoja. Kisome ukijua kwamba Spika anapolisifu Bunge lake anajisifu na yeye kidogo.

Kumbukumbu za Benjamin Mkapa, zilizotoka mwaka 2019, tunazo. Alizaliwa Lupaso, Masasi, mwaka 1938, na kabla ya kuwa Rais alikuwa mbunge wa Nanyumbu. Wanachama wengi hukiazima kwa sababu ni mtu wa kwetu. Mimi nashauri usomee zile sehemu za ubinafsishaji, maana hapo kiongozi anaeleza uamuzi uliogusa kazi za watu wengi na anakiri yapi hayakwenda alivyotarajia.

Kwa Bunge la nje, anayetupendeza ni Emma Crewe, mwanaanthropolojia Mwingereza. Aliingia katika Bunge la Uingereza akawachunguza wabunge kama mtafiti mwingine anavyoweza kuchunguza kijiji, na kitabu chake kuhusu wabunge wakiwa kazini kilitoka mwaka 2015. Wazungu kwa miaka mingi walikuja Newala kuandika desturi zetu. Ni burudani ya aina yake kumwona mtafiti akiwaandika wakubwa wa Westminster namna ileile: nani anakaa na nani, nani anamwogopa nani, mbunge anaporudi jimboni Ijumaa anageuka mtu wa namna gani.

Dodoma ni mbali. Hakuna kinachohusu huku kijijini?

Kipo, na ndicho tungependa kila mtu akisome: Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya) ya mwaka 1982. Kwa sheria hiyo kila mkazi wa kijiji aliyefikisha miaka 18 ni mjumbe wa mkutano mkuu wa kijiji. Halmashauri ya kijiji ina wajumbe wasiopungua 15 na wasiozidi 25. Ina uwezo wa kutunga sheria ndogo, ambazo hupelekwa mbele ya wanakijiji na kisha halmashauri ya wilaya kuidhinishwa. Faini ya mbuzi aliyeingia shambani na zamu ya kusafisha kisima vimepita njia hiyo, au vilipaswa kupita.

Kwa hiyo tunapomaliza kitabu cha Bunge tunaomba kila mmoja alete muhtasari wa mkutano wa kijiji au wa mtaa wake, kama kiongozi amekubali kuutoa. Tunaangalia mambo matatu: mapato na matumizi yalisomwa? Nani aliuliza? Aliyeuliza alijibiwa? Mara nyingi muhtasari unasema "mjumbe mmoja alitaka ufafanuzi na alifafanuliwa". Alifafanuliwa nini, haisemi. Baada ya kuzoea Hansard, sentensi hiyo itakuudhi kama ilivyotuudhi sisi.

Vitabu vya nyumba ni vya mapishi?

Hapana, ingawa wapishi wamo duarani na chai haikosi. Tunasoma kuhusu nyumba kama mahali panapoendeshwa: nani anachota maji, nani anashika fedha, urithi unakwenda wapi, mgeni analala wapi.

Kwa Kiswahili tuna mali ya zamani. Utenzi wa Mwana Kupona, wa mwaka 1858, ni mama wa Pate akimuusia binti yake maisha ya ndoa na dini. Wanawake wa duara hubishana juu yake kila unaposomwa, kundi moja likisema ni utumwa, jingine likisema ni akili ya mtu aliyejua dunia ilivyo na akampa mwanawe silaha zilizopo. Ubishi huo haujaisha na sina haja ya kuumaliza. Upo pia mkusanyo wa desturi za Waswahili uliochapwa mwaka 1903 na Mjerumani Carl Velten, ambao sehemu kubwa iliandikwa na Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa pande za Bagamoyo. Humo unaona mahari, ngoma, madeni, ujenzi wa nyumba, mambo yote yameelezwa na mtu wa humohumo kwa Kiswahili chake. Kwa kweli ni aibu kwamba Waswahili wengi wamekisikia kwa jina tu.

Wa nje tunayemrudia ni Ruth Schwartz Cowan, mwanahistoria wa teknolojia wa Marekani, na kitabu chake cha mwaka 1983. Swali lake ni jepesi: mashine za nyumbani zilikuja kwa mamia, mbona mama hakupumzika? Anaonyesha kwamba jiko la chuma lilipunguza kuni za kupasua, na kupasua kuni kulikuwa kazi ya mwanamume, wakati mama akaanza kutarajiwa kupika vyakula vingi zaidi kwa mlo mmoja. Kinu cha kusagia kikamwondolea baba na watoto kazi zao za nafaka, mama akabaki na kuoka. Mashine iliondoa kazi ya mtu, na mara nyingi mtu huyo hakuwa yeye.

Tulikijadili kitabu hicho na watu wa Newala. Kule juu ya uwanda wa Makonde maji yalikuwa yakifuatwa bondeni, mwanamke anashuka gengeni na kupanda na ndoo. Mama mmoja akasema bomba lilipofika karibu, safari ya maji ilikwisha kweli, lakini ghafla nguo zikatakiwa kufuliwa kila siku, na mume akaanza kuuliza kwa nini hakuna maji ya moto ya kuogea. Cowan angemlipa mama huyo kwa sentensi ile.

Waandishi wa kigeni waliotuandika Wamakonde, Wamwera, Wayao na Wamakua, tuwaamini?

Wasome, ila usimeze kila neno lao. Karl Weule wa Ujerumani alipita Lindi, Masasi na Newala mwaka 1906, moto wa Majimaji ukiwa haujapoa, na kitabu chake kikatoka 1908. Alikuja na mashine ya kunasa sauti na kamera ya filamu, akarekodi ngoma na nyimbo. Vitu alivyoviona amevieleza kwa makini: milango, vinyago, ndonya ya mdomoni, namna nyumba ilivyosukwa. Watu alioongea nao anawaeleza kwa dharau ya mtu aliyesindikizwa na askari. Sehemu hizo mbili ziko kwenye ukurasa mmoja, na msomaji lazima azichambue mwenyewe.

J. Gus Liebenow, Mmarekani, aliandika mwaka 1971 kuhusu utawala wa kikoloni kwa Wamakonde. Huyu ananisaidia kwenye jambo moja kubwa: serikali ya mkoloni ilitafuta machifu mahali ambapo mamlaka hayakukaa kwa chifu. Kwa makabila yetu haya ukoo ulihesabiwa kwa mama, na mwenye kauli juu ya watoto alikuwa mjomba. Ofisa akija kuuliza "nani mkubwa hapa?" anaonyeshwa mtu, anamwandika, anampa kofia. Mjomba amekaa pembeni anatazama.

Wazee bado wanaishi wanaoweza kusahihisha vitabu hivi. Mzee akija kwenye kikao husomewa ukurasa, naye anasema "hapo sawa" au "hapo walimdanganya". Tunaandika alichosema kwenye karatasi na kuibandika ndani ya kitabu.

Kazi ya nyumbani ni kazi? Hapa nyumbani tunagombana kwa swali hili.

Mahakama ya Rufani ilishagombana nalo kabla yenu. Mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, mke aliyekuwa mama wa nyumbani alidai sehemu ya nyumba baada ya talaka. Kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa kinataka mahakama iangalie mchango wa kila mmoja katika kuipata mali, mchango wa fedha, mali au kazi. Majaji wa mahakama za Tanzania walikuwa wamegawanyika: wapo waliosema kupika, kufua na kulea ni wajibu wa mke tu, wapo waliosema ni mchango. Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ikasema ni mchango.

Sasa sikiliza mwisho wake, maana watu wengi hawaufikishi: Bi Hawa hakupata sehemu ya nyumba. Mahakama ilisema mume alishampa fedha za biashara naye akazitumia ovyo, hivyo sehemu yake ilikuwa imeshakwisha. Alishindwa yeye, wakashinda waliomfuata, kwani mashauri mengi ya talaka tangu hapo yamesimama juu ya hukumu hiyo. Hukumu tunaisoma nzima kwa sababu hii hasa. Anayesoma muhtasari atatoka na nusu ya habari, na mume na mke kila mmoja atachukua nusu inayomfaa.

Na vitabu vya kazi?

Anza na Studs Terkel, mtangazaji wa redio wa Chicago. Mwaka 1974 alichapisha mazungumzo na watu wa kazi za kila namna, kila mmoja akieleza anafanya nini kutwa na anajisikiaje akifanya. Hana nadharia. Ukimaliza utatamani kwenda bandarini, au kwa mama anayebangua korosho, na kumuuliza maswali yaleyale. Vijana wetu wawili wameanza kufanya hivyo, na kwa ruhusa ya wasimuliaji maandishi yao yapo kwenye kabati.

Baada yake chukua Frederick Taylor, 1911, baba wa kupima kazi kwa saa ya kuhesabu sekunde. Anasimulia mbeba chuma aliyekuwa akipakia tani 12.5 kwa siku kwa ujira wa dola 1.15, akafundishwa mpaka akafikia tani 47 kwa dola 1.85. Wanahistoria wamekuja kuitilia shaka hadithi yenyewe, lakini piga hesabu hata ukiichukua ilivyo: mzigo karibu mara nne, ujira umeongezeka kwa asilimia 60 hivi. Tulipoisoma, wanawake waliowahi kubangua korosho kwa malipo ya kilo hawakuhitaji maelezo.

Na kwa yeyote wa Nachingwea: mradi wa karanga. Alan Wood, aliyekuwa ofisa habari ndani ya mradi, aliandika kitabu chake mwaka 1950, mradi ukiwa bado unakufa. Serikali ya Uingereza ilitaka mafuta ya kula baada ya vita, ikaamua kulima karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea, na mwaka 1951 ikafunga hesabu kwa hasara ya mamilioni ya pauni. Bandari ya kina kirefu ya Mtwara ni mtoto wa mradi ule, na reli pia, ila reli iling'olewa. Trekta zilikuja, hata vifaru vya vita vilivyogeuzwa trekta, na ardhi ikavivunja. Waliopanga kazi hawakuwa wamemuuliza mtu aliyewahi kushika jembe pale.

Mwajiri wangu hanipi likizo. Mnaweza kunisaidia?

Sisi ni wasomaji, wanasheria hatuna. Lakini tutakufungulia Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 usome mwenyewe: saa 45 za kawaida kwa wiki, siku 28 za likizo ya mwaka, siku 84 za likizo ya uzazi, au 100 kwa aliyejifungua pacha. Migogoro hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Aliyeachishwa kazi asikae akingoja huruma, kwani muda wa kulalamikia kuachishwa ni siku 30. Njoo na mkataba wako, au chochote chenye saini.

Kiingereza hakipandi. Hivyo vitabu vya kigeni nitavisomaje?

Mmoja anasoma sura nyumbani, anakuja kuisimulia kwa Kiswahili, na anaulizwa mpaka ajibu. Msimuliaji haruhusiwi kusema "ni vigumu kueleza". Tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama, kwa hiyo upande wa sheria mzigo unapungua polepole.

Mnavipata wapi?

Maktaba ya Mkoa, kwanza. Vya Dar es Salaam huagizwa kwa mtu anayesafiri au hupakiwa kwenye basi. Katiba, sheria na Hansard tunapakua na kuchapa. Vitabu vyenye haki miliki hatutoi kopi nzima, hata ukibembeleza.

Mnakutana lini?

Jumamosi baada ya Alasiri. Msimu wa korosho, Oktoba hadi Januari, vikao ni vichache kwa sababu watu wako shambani au kwenye mnada. Ramadhani tunasoma kila mtu kwake.

Ninyi ni chama gani cha siasa?

Hakuna. Wamo wa vyama vyote, na fulana za chama hubaki nyumbani.

Naweza kuja na mtoto mchanga?

Njoo naye. Akilia, anayesimulia ataongeza sauti.

Kitabu nilichoazima kimeingia mafuta ya ganda la korosho. Nifanyeje?

Usikifute kwa maji, utaeneza doa, na usikishike kwa mkono mtupu, mafuta yale yanaunguza ngozi. Weka karatasi ya gazeti kati ya kurasa, kifunge, kilete kama kilivyo. Faini ni kusimulia sura iliyoharibika mbele ya wote, ili angalau iwe imebaki vichwani.